Senti 5.5: Historia ya Kizuizi cha Usalama cha Bunduki Moja

Mjadala wa bunduki nchini Marekani hutufikia huku kwetu ukiwa na sura moja tu, yaani haki ya kumiliki. Tunasikia habari za Marekebisho ya Pili ya Katiba yao, mauaji ya shuleni, chama cha NRA, kisha uchaguzi unapita na mzunguko unaanza upya. Leo nataka kuandika juu ya jambo dogo kuliko hayo, dogo kiasi cha kuenea kwenye ncha ya kidole gumba. Ni kile kijiti cha chuma kilicho ubavuni mwa bunduki, ambacho mwindaji hukisukuma mbele anapotaka kupiga na kukirudisha nyuma anapotaka bunduki isifyatuke. Nitakiita kizuizi cha usalama. Nataka kueleza jinsi raia wengi wa nchi tajiri walivyojikuta mezani nyumbani kwao, bisibisi mkononi, wakibadilisha kwa fedha zao wenyewe kifaa ambacho kiwanda kilikwisha kuambiwa na wahandisi wake, kabla hata bunduki haijaingia sokoni, kwamba kina walakini.

Bunduki yenyewe ni Remington 700. Nyaraka za kesi zake nimekuwa nikizisoma na wanafunzi wangu kwa muda sasa, na sijapata mfano mwingine unaoonyesha waziwazi namna hii jinsi hatari inavyohamishwa kutoka kwa mzalishaji, ikapita pembeni ya serikali, ikatua mikononi mwa mtu mmoja asiye na mamlaka yoyote.

Tuanze na chombo chenyewe, maana bila kukielewa siasa yake haitaeleweka. Bunduki ikishakokiwa, ndani yake kuna springi iliyobanwa kwa nguvu. Springi hiyo inataka kuisukuma mbele pini inayogonga kitako cha risasi, nayo inazuiwa na komeo dogo. Ukivuta kifyatulio, komeo linaachia. Tangu siku za bunduki za gumegume, zile zilizozagaa katika misafara ya bara katika karne ya 19, mafundi walijua kwamba bunduki iliyokokiwa inahitaji kitu cha pili cha kuizuia endapo komeo litakosea. Katika gumegume, kile kinyundo kinachoshika jiwe huwa na kituo cha katikati: ukikivuta nusu, hakitakiwi kuanguka hata kifyatulio kikivutwa. Kituo hicho kilisagika kwa matumizi, na ajali zilitokea. Lakini sehemu kubwa ya mtambo ule ilikuwa nje, mbele ya macho. Mhunzi hodari wa Unyamwezi au wa Pwani aliweza kuutazama, kuufungua na kuona kilichosagika.

Bunduki za bolti zilipokuja, mtambo uliingia ndani. Mjerumani Paul Mauser alilitatua suala la usalama kwa namna ambayo hadi leo wahandisi wanaiheshimu. Katika bunduki yake ya mwaka 1898 aliweka bawa dogo nyuma ya bolti lenye vituo vitatu, na bawa hilo liliishika pini yenyewe. Haikujalisha kifyatulio kina hali gani, wala kama komeo limesagika au limejaa mchanga. Pini ilikuwa imeshikwa, basi. Tena bawa likisimama wima, pini inabaki imeshikwa huku bolti ikifunguka, kwa hiyo askari aliweza kuitoa risasi ndani ya bunduki bila kuondoa usalama hata kwa nukta moja. Wazee wa Afrika Mashariki waliiona bunduki hiyo katika Vita Kuu ya Kwanza, hasa baada ya meli ya Rubens kufika ghuba ya Manza, karibu na Tanga, mwaka 1915 ikiwa na shehena ya silaha. Kabla ya hapo askari wengi wa Kijerumani walikuwa bado wanabeba bunduki za muundo wa mwaka 1871 zilizotoa moshi mzito. Naitaja Mauser kwa sababu moja. Mwaka 1948, kampuni ya Remington ilipoleta sokoni bunduki yake mpya ya kuwindia, njia salama ya kuizuia pini ilikuwa imejulikana kwa nusu karne. Hata mshindani wake mkuu nchini Marekani, kampuni ya Winchester, alikuwa na bunduki ya Model 70 tangu mwaka 1936, na kizuizi cha bunduki hiyo nacho kiliishika pini.

Remington yenyewe ni kampuni kongwe. Simulizi ya kampuni inasema ilianza mwaka 1816, pale kijana Eliphalet Remington alipojitengenezea mtutu katika kiwanda cha uhunzi cha baba yake, jimbo la New York. Ukiipokea simulizi hiyo, basi kampuni nzima ilizaliwa kutokana na mtu aliyejitengenezea bunduki nyumbani, jambo ambalo mawakili wake wa baadaye hawakupenda kulikumbuka. Mwaka 1933, katikati ya mdororo mkubwa wa uchumi, kampuni kubwa ya kemikali ya DuPont ilinunua sehemu kubwa ya hisa zake. Kuanzia hapo Remington ilikuwa kiwanda chenye mhasibu mkali.

Baada ya Vita Kuu ya Pili, maelfu ya askari walirudi Marekani wakiwa wamezoea bunduki za bolti, nao walitaka za kuwindia kulungu. Model 70 ya Winchester ilikuwa nzuri lakini ghali kuitengeneza. Remington ilitaka bunduki ya bei nafuu, yenye vipande vilivyo rahisi kuzalishwa kwa wingi, na kazi hiyo ikaangukia kwa timu ya wahandisi iliyomjumuisha Mike Walker, mtu aliyependa sana ulengaji wa shabaha. Matokeo yake yalikuwa Model 721 na 722 za mwaka 1948, na kutokana nazo ikazaliwa Model 700 mwaka 1962. Bunduki hii ilikuwa na usahihi wa kupigiwa mfano. Jeshi la Marekani lenyewe liliichukua kuwa msingi wa bunduki zake za wadunguaji, M40 na baadaye M24. Lazima niliseme hili, maana baadhi ya wanaoandika juu ya kadhia hii huieleza kana kwamba Remington 700 ilikuwa bunduki mbovu. Ilikuwa bunduki nzuri sana yenye kasoro mahali pamoja.

Mahali hapo palikuwa kwenye kifyatulio. Walker alitaka kifyatulio kinachoachia kwa wepesi na kwa ghafla, bila mkwaruzo, kwa kuwa mlenga shabaha hulipenda hilo kuliko kitu chochote. Kati ya kifyatulio na komeo akaweka kipande chembamba cha chuma ambacho kiliitwa kiunganishi. Kipande hicho hakikufungwa kwa skrubu wala kuchomelewa. Kilielea, kikishikiliwa mahali pake na springi. Kila bunduki ilipofyatuliwa, kiunganishi kilijitenga kidogo na mwili wa kifyatulio, kisha kilitakiwa kurudi. Komeo lilikaa juu ya ukingo wake kwa upana usiofika milimeta moja. Sasa fikiria vumbi, kutu, mafuta yaliyoganda kwa baridi, au punje ya chuma iliyobaki kutoka kiwandani. Chochote kati ya hivyo kikiingia katika ule mwanya, kiunganishi hakirudi sawasawa, na komeo linabaki bila cha kukalia.

Na kizuizi cha usalama je? Tofauti na Mauser, kizuizi cha Remington hakikuishika pini. Kililiinua komeo tu, kikalibeba. Kwa hiyo kizuizi kikiwa kimewekwa, bunduki inaonekana salama kabisa hata kama chini yake kiunganishi kimehama. Siku mtu anapokisukuma kizuizi mbele, hata bila kugusa kifyatulio, komeo linashuka, halikuti kitu, na risasi inatoka. Kile alichopewa mwenye bunduki kiwe kinga yake kiligeuka kuwa kifyatulio cha pili. Jambo baya zaidi ni kwamba katika bunduki zilizotengenezwa kabla ya mwaka 1982, kizuizi kikiwekwa kiliifunga na bolti pia. Mtu hakuweza kutoa risasi ndani ya bunduki bila kwanza kuondoa usalama. Yaani mwindaji mwangalifu aliyerudi nyumbani na kutaka kuitoa risasi bunduki yake kabla watoto hawajaikaribia ndiye aliyelazimika kufanya kitendo chenye hatari kuliko vyote.

Je, kiwanda kilijua? Hapa ndipo nyaraka zinapozungumza. Mwaka 1946, bunduki ikiwa bado ya majaribio, Walker mwenyewe aliandika ndani ya kampuni kuhusu hali ya hatari inayoweza kujitokeza kwenye kizuizi. Mwaka 1947 majaribio ya kiwandani yalionyesha kasoro hiyo, na mhandisi aliyeandika taarifa hakuficha kwamba aliiona kuwa ni hatari kubwa. Mwaka 1948 Walker alipendekeza marekebisho: kipande cha ziada ambacho kingekizuia kifyatulio kisisogee wakati kizuizi kimewekwa. Gharama yake ilikuwa senti 5.5 kwa kila bunduki. Pendekezo halikutekelezwa.

Ningeonya hapa dhidi ya kuifanya habari hii kuwa hadithi ya mhandisi mwema na mabosi wabaya. Walker aliishi miaka mingi sana, akahojiwa akiwa na miaka 98, na aliendelea kuutetea muundo wake kwamba bunduki ikitunzwa na kushikwa vizuri ni salama, huku akikiri kwamba alikuwa amependekeza ulio bora zaidi. Mtu anaweza kushikilia mambo yote mawili kwa wakati mmoja. Kinachonivutia zaidi kama mwanahistoria ni ule ukimya wa kiofisi uliofuata, miongo mitatu ya ukimya, ambamo hakuna aliyehitaji kusema uongo. Ilitosha kila mtu kuliacha faili mahali alipolikuta.

Ukimya huo ulivunjwa na kesi. Mwishoni mwa miaka ya 1970, mtu mmoja wa Texas alipooza baada ya bunduki ya Remington ya aina nyingine, Model 600, kufyatuka ilipokuwa inatolewa risasi. Kampuni ililipa mamilioni ya dola na kuziita Model 600 zirudi kufanyiwa marekebisho. Swali lililokuwa wazi ni kama Model 700 nazo ziitwe. Kamati ya usalama wa bidhaa ya kampuni ilikutana Januari 1979. Kwa makadirio yao, asilimia 1 ya bunduki zilizokwisha kuuzwa kabla ya mwaka 1975 zingeweza kuhadaiwa zikafyatuka kwa namna ile. Bunduki hizo zilikuwa takriban 2,000,000. Kwa hiyo, walihesabu, ingebidi kuita bunduki 2,000,000 ili kuzipata 20,000. Waliamua wasiziite.

Nimelisoma hesabu hilo mara nyingi na wanafunzi, na kila mwaka darasa hugawanyika. Wako wanaosema asilimia 1 ni kidogo, na kwamba kampuni yoyote ingefanya hivyo. Wanaolisema hilo mara nyingi ni wale waliosoma uchumi. Mimi huwauliza: 20,000 ya nini? Ukisema magunia ya korosho, nitakubali hasara. Hapa tunazungumzia nyumba 20,000 ambazo ndani yake kuna bunduki itakayofyatuka siku mtu anapofanya jambo sahihi, na hakuna hata mmoja katika nyumba hizo aliyeambiwa. Kampuni ilikuwa na makadirio; mwenye nyumba hakuwa nayo.

Mwaka 1982 kampuni iliacha kimyakimya kutengeneza kizuizi kinachofunga bolti. Bunduki mpya zikawa zinaweza kutolewa risasi zikiwa salama. Zile za zamani zilibaki kabatini kama zilivyo.

Mwanafunzi mmoja aliwahi kuniuliza swali la Kiafrika kabisa: kwa nini mwenye bunduki asiipeleke kwa fundi? Na nyuma ya swali hilo kuna jingine: kwa nini serikali haikuingilia kati? Mtu wa kawaida angedhani kwamba nchi inayoweza kuamuru magari milioni yarudishwe kiwandani kwa sababu ya breki ingeweza kufanya hivyo kwa bunduki. Haiwezi. Mwaka 1972 Bunge la Marekani liliunda Tume ya Usalama wa Bidhaa za Walaji, chombo chenye mamlaka juu ya vibaniko vya mkate, vitanda vya watoto, baiskeli na maelfu ya vitu vingine. Sheria ileile ikaziondoa silaha za moto katika mamlaka ya tume. Jina linalotajwa sana katika kuondolewa huko ni la mbunge John Dingell wa Michigan, mwindaji na mjumbe wa bodi ya NRA. Kulipotokea ombi kwamba tume ishughulikie walau risasi, Bunge lilifunga na mlango huo mwaka 1976. Matokeo yake ni kwamba tume inaweza kuamuru bunduki ya kuchezea iondolewe sokoni kwa sababu inamdhuru mtoto, lakini haina kauli juu ya bunduki halisi. Husemwa kwamba ukweli huu ni kichekesho. Mimi naona ni uamuzi wa kisiasa uliofanywa na watu waliojua wanachokifanya: waliogopa kwamba mamlaka ya kukagua leo yangekuwa mamlaka ya kupiga marufuku kesho.

Basi mzigo ukashuka chini. Kwa kuwa hakukuwa na mkaguzi, na kampuni ilikuwa inakana kwamba kuna kasoro, mwenye bunduki aliyesikia fununu alibaki na njia tatu: kuiacha kama ilivyo, kumlipa fundi wa bunduki, au kuifanya kazi mwenyewe. Soko lilikuwa limekwisha kujiandaa. Kampuni ya Timney, iliyoanzishwa mwaka 1946, ilikuwa inauza vifyatulio vya badala kwa bunduki za aina nyingi. Katika Remington 700 kifyatulio, komeo na kizuizi cha usalama hukaa pamoja katika kasha moja dogo linaloshikwa na pini mbili tu, kwa hiyo anayebadilisha kizuizi hubadilisha mtambo mzima. Urahisi huo ndio uliowavuta watu. Wengine walibadilisha kwa ajili ya usalama, wengine kwa kutaka kifyatulio chepesi zaidi, na wengine walikaza au kulegeza skrubu za kifyatulio cha kiwandani bila kujua kwamba wanaupunguza ule upana usiofika milimeta moja ambao maisha ya mtu yanaukalia.

Na hapa habari inapata uchungu wake. Kampuni ilipofikishwa mahakamani, utetezi wake wa kawaida ulikuwa kwamba kasoro haiko kwenye muundo. Iko kwa mtumiaji. Ama alivuta kifyatulio bila kujitambua, ama hakuisafisha bunduki, ama aliichokonoa nyumbani. Vitabu vya maelekezo vilionya kwamba kifyatulio kirekebishwe kiwandani au na mtaalamu aliyeidhinishwa, na onyo hilo lilikuwa la busara. Lakini tazama mahali linapomweka raia. Asipoigusa bunduki, anaishi na kasoro asiyoambiwa. Akiigusa, mkono wake unakuwa ushahidi dhidi yake. Bunduki iliyowahi kufunguliwa mezani nyumbani haiwezi tena kuthibitisha ilitoka kiwandani ikiwa na hali gani. Si kila dai dhidi ya Remington lilikuwa la kweli, na bila shaka ziko ajali zilizosababishwa na uzembe au na bisibisi. Hata hivyo, aliyeifanya tofauti hiyo iwe ngumu kuonekana ni yule aliyekuwa na majibu ya vipimo tangu mwaka 1947.

Kesi nyingi zilimalizwa kwa suluhu nje ya mahakama, na nyaraka zikafungwa kwa amri za usiri. Mwaka 1994 jopo la raia katika mahakama ya Texas lilimpa mtu aliyepoteza mguu fidia ya takriban dola milioni 17, sehemu kubwa ikiwa ni adhabu kwa kampuni. Ilivuma kidogo, ikanyamaza.

Aliyeivunja kabisa pazia ya usiri alikuwa baba mmoja wa Montana. Oktoba mwaka 2000 familia yake ilikuwa imerudi kutoka kuwinda. Mama alisukuma kizuizi ili aitoe risasi bunduki, Remington 700 ya muundo wa zamani. Bunduki ikafyatuka, risasi ikapita katika trela la kubebea farasi na kumpata mtoto wao wa kiume wa miaka tisa aliyekuwa upande wa pili. Sitaja majina yao, ingawa ni rahisi kuyapata. Baba huyo alitumia miaka akikusanya nyaraka za kesi za watu wengine, faili kwa faili. Yeye mwenyewe alikuwa mwindaji, mtu wa jamii ya wenye bunduki. Hakuwa mwanaharakati wa mjini wa kutaka zipigwe marufuku. Kwangu mimi hilo lina uzito mkubwa, maana linaonyesha kwamba suala la ubora wa chombo lingeweza kuwaunganisha watu ambao siasa ya haki ya kumiliki iliwatenganisha. Mwaka 2002 kampuni ilitangaza mpango wa kuwaondolea wenye bunduki za kabla ya mwaka 1982 ule mtindo wa kufunga bolti, kwa malipo. Mwenye bunduki alitakiwa kulipia.

Mwaka 2006 Remington ilileta kifyatulio kipya kisicho na kiunganishi, kiitwacho X-Mark Pro. Mwaka 2010 televisheni ya CNBC ilitangaza uchunguzi wake, ikitaja vifo takriban dazeni mbili na majeruhi zaidi ya 100 vilivyodaiwa katika kesi mbalimbali. Kisha Aprili 2014, kile kifyatulio kipya nacho kikaitwa kirudi kiwandani, kwa sababu gundi iliyotumika wakati wa kukiunganisha ilizidi, na ingeweza kuifanya bunduki ifyatuke. Mhandisi yeyote atakwambia kosa la gundi ni la aina nyingine kabisa na lile la kiunganishi. Lakini mwananchi aliyekwisha kulipia kifyatulio kipya hakuwa na sababu ya kuijali tofauti hiyo.

Kesi ya uwakilishi iliyofunguliwa Missouri mwaka 2013 ilifikia suluhu, nayo ikaidhinishwa na mahakama Machi 2017. Ilihusu bunduki takriban milioni 7.5. Kampuni haikukiri kosa lolote, lakini ilikubali kubadilisha vifyatulio vya Model 700 na nyingine bila malipo. Wenye zile za kwanza kabisa, Model 721 na 722 za mwaka 1948, ambazo ndizo zilizoandikiwa zile taarifa za awali, hawakupewa kifyatulio. Walipewa vocha isiyozidi dola 12.50 ya kununulia bidhaa za Remington.

Kati ya bunduki milioni 7.5, madai yaliyokuwa yamewasilishwa wakati wa kuidhinishwa yalikuwa takriban 22,000. Ni chini ya theluthi moja ya asilimia 1. Wanasheria wakuu wa majimbo kadhaa walipinga suluhu hiyo, wakisema haiwaambii watu waziwazi kwamba wanaishi na hatari. Matangazo yalitolewa redioni na katika mitandao. Kwa nini watu hawakuitikia? Hakuna daftari la taifa linaloonyesha nani ana bunduki gani, na wenye bunduki wenyewe, kupitia vyama vyao, walipigania kwa miongo mingi daftari la namna hiyo lisiwepo. Bunduki zimeuzwa, zimerithiwa, zimepewa wakwe na wajomba. Ongeza na hofu ya kuituma bunduki mahali na kuambiwa isubiriwe kwa miezi, tena msimu wa kuwinda umekaribia. Na bila shaka wapo waliokwisha kubadilisha wenyewe zamani, nao hawakuona haja ya kujaza fomu.

Sisi huku tuna kawaida ya kuyatazama mambo haya kwa mbali, tukijipongeza kwamba sheria zetu za silaha ni kali. Tanzania ina Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015, na nchi za ukanda wetu zina Itifaki ya Nairobi ya mwaka 2004. Sina ugomvi nazo. Ila mjadala wetu nao hukaa upande mmoja: nani anayo, ana kibali, ameisajili, amesalimisha. Ni mara chache kumsikia mtu akiuliza kama silaha iliyo mkononi mwa mlinzi wa benki, ile anayoilaza mapajani mlangoni tunapopita na watoto, mara ya mwisho ilifunguliwa na nani na kukutwa ina hali gani. Magobore ya vijijini hakuna hata anayethubutu kuyaulizia. Fundi wake hajulikani, na akijulikana atakamatwa, kwa hiyo likiharibika hutengenezwa usiku.

Remington iliomba ulinzi wa ufilisi mwaka 2018, kisha tena mwaka 2020, na safari ya pili ikagawanywa vipande na kuuzwa kwa wanunuzi mbalimbali. Muda wa kuwasilisha madai ya kubadilishiwa kifyatulio ulikwisha. Kiwanda cha Ilion, katika jimbo la New York, kilifungwa mwaka 2024, na wafanyakazi wake, ambao wengine walikuwa wajukuu wa waliounganisha zile Model 721 za kwanza, wakapewa barua zao. Bunduki zilizotoka hapo hazikufungwa. Ziko makabatini, juu ya mashubaka na nyuma ya viti vya magari katika majimbo yote, nyingi zikiwa na kifyatulio cha mwaka 1948 ndani yake, na kampuni zinazouza vifyatulio vya badala zinaendelea kuvituma kwa posta, vikiwa na karatasi ya maelekezo ndani ya boksi.